Kamba ya Kichwani: Maisha ya Effie Kinnaird, Mshambuliaji wa Auchterlaw

Euphemia Lumsden Kinnaird, ambaye nyote mlimwita Effie, alizaliwa tarehe 9 Machi 1944 hapa Auchterlaw, Fife, nyumba ya tatu kutoka lango la mgodi. Alikuwa mtoto wa pili wa marehemu Dod Lumsden, mchimba makaa, na marehemu Bella. Haya nimeyaandika mimi Erchie, mumewe. Kalamu si kazi yangu. Anayesoma ni binti yetu, Lorna.

Alisoma hapa hapa kijijini hadi alipofika miaka kumi na mitano. Mwalimu alimwandikia mama yake kwamba mtoto ana akili, ila anamaliza viatu. Bella alijibu kwamba viatu ananunua yeye, mwalimu ashughulike na akili.

Mwaka 1959 aliajiriwa katika duka la mikate. Huko ndiko alikokutana na Rena Mowat. Walikanda unga meza moja miaka sita. Sitawaficha, Rena sikumpenda tangu siku ya kwanza. Hakunikosea kitu. Alikuwa amemjua Effie kabla yangu, basi.

Tulifunga ndoa tarehe 12 Juni 1965 katika kanisa hili. Ile picha ya harusi iliyo ukutani kwetu mnaijua, Effie anacheka mpaka shela imekaa upande. Watu huniambia, Erchie, ulimfurahisha sana siku ile. Aliyemchekesha ni Rena. Alikuwa amesimama nyuma ya mpiga picha.

Mwaka uliofuata wakaanzisha timu ya wanawake. Siku hizo hawakupewa uwanja wa maana. Walicheza kwenye nyasi za bustani ya mji, wakabadilishia nguo nyuma ya ua wa miti. Rena alikuwa winga wa kulia, Effie mshambuliaji wa kati. Rena alipiga krosi bila kuinua kichwa, na Effie alikuwa pale. Ninyi mlipiga makofi. Mimi nilisimama nyuma ya goli la wageni, mikono mfukoni. Miaka sita ya ndoa, na mimi nilikuwa sijui bado mke wangu atageukia wapi. Rena alijua bila kuangalia.

Mgodini, mchimbaji mwenzangu Tam Birrell hakuniacha. "Erchie, mkeo ana mguu wa kushoto, Rena ana wa kulia. Wewe una nini humo?"

Nikamwambia mimi napaka mafuta njumu. Walicheka wiki nzima, lakini ilikuwa kweli. Sehemu yangu katika mpira wake ilikuwa hiyo tu. Kufuta tope, kujaza magazeti ndani, kuziweka mbali na moto, kupaka mafuta.

Jumapili ya tarehe 16 Mei 1971 walikuwa na fainali ya kombe la kaunti. Tukasikia kuna mtu anakuja kutoka Italia, anatafuta wachezaji wawili wa kuwalipa. Rena alikwisha nunua sanduku la safari. Effie hakusema lolote, nami kimya chake nikakichukua kuwa ndiyo. Jumamosi alipokwenda kwa mama yake, nilizichukua njumu zake, zimeloa, nikaziweka juu ya jiko. Mtu yeyote wa hapa anajua ngozi iliyoloa ikikaushwa hivyo inakufa.

Lorna, usiruke hapo. Soma.

Walipokuwa wakipasha misuli, soli ya kushoto ikaachama. Effie akaitazama. Kisha akanitazama mimi kule nyuma ya goli. Rena akakaa kwenye nyasi, akaanza kufungua kamba za njumu zake.

"Vaa hizi. Mguu wetu ni mmoja."

"Na Mwitaliano? Anayetaka kwenda ni wewe, Rena."

"Krosi atapiga mwingine. Magoli yako hakuna mwingine wa kuyafunga. Vaa wewe, refa anatusubiri."

Effie akafunga mawili, kombe likaja Auchterlaw. Rena alikaa kando ya mstari na soksi zake mpaka kipenga cha mwisho. Yule mtu akamtaka Effie peke yake. Effie akamshukuru, akamwambia ana nyumba ya kurudi. Jumatatu Rena alikuwa dukani anakanda unga, na akaukanda miaka thelathini na minane. Sanduku lile sijui alilipeleka wapi.

Kuhusu njumu Effie hakuniuliza, nami sikusema. Alinunua nyingine, akaniwekea mezani. "Haya, Erchie. Zako hizi." Nilizipaka mafuta kila wiki hadi alipoacha kucheza mwaka 1983. Magoli yalikuwa mia mbili na kumi na nne. Aliyehesabu ni Rena.

Baadaye alikuwa mpishi wa shule ya msingi hadi mwaka 2004. Wengi wenu hapa mmekula nyama yake ya kusaga na viazi, na mmegombezwa kwa kubakiza.

Moyo ulianza kumsumbua mwaka 2017. Miguu ikavimba, viatu vikakataa. Nilimkatia ndala kwa kisu, nikampaka mafuta asubuhi na jioni. Rena alikuja kila alasiri na mkate. Walicheka chumbani, nikiingia na chai wananyamaza. Nilitaka kujua walichocheka. Bado nataka. Alifariki nyumbani Jumanne tarehe 5 Novemba 2019, alasiri. Safari hiyo tulikuwa naye sote wawili, mimi na Rena.

Jeneza hapa kwetu hushushwa kwa kamba nane, kila mshikaji hupewa kadi ya kamba yake, na ya kwanza, ya kichwani, ni ya mume. Nilimwambia Tosh wa majeneza aniandikie hiyo kadi. Akasema kadi zimekwisha andikwa, Effie mwenyewe alimletea orodha miaka miwili nyuma. Kichwani, Rena Mowat.

Nilimwambia mume hukaa kichwani, hata mtoto mdogo anajua.

"Mimi nazika watu walivyosema wenyewe, mzee Erchie."

Siku mbili sikula na mtu. Jana Rena akaja na kadi yake, akaiweka mezani. "Ichukue. Sitaki tugombane juu yake, ametuvumilia vya kutosha." Niliichukua. Ilikuwa mfukoni mwangu hadi nilipokwenda kwa Tosh kubadilisha majina, na Tosh akanipa orodha niione kwa macho yangu. Mstari wa pili, kwa mkono wa Effie: "Miguuni, Erchie. Njumu zangu alizitunza yeye. Mara moja tu alizikosea, na nilimwona usoni."

Kadi ya kichwani nimemrudishia Rena leo asubuhi. Nimemwambia na habari ya jiko. Akasema, "Tulijua, Erchie. Wewe ulidhani tunacheka nini?"

Effie ameacha mume, watoto wawili, Lorna na Kenneth, wajukuu watatu, dada yake Bessie, na Rena Mowat.

Lala salama, Effie. Kichwani yuko Rena. Huku miguuni nimeshika mimi.