Kopo Nililolifukia Zizini

Sikilizeni wanangu, Sila na wewe Ruthu, sogeeni karibu, maana sauti yangu haifiki tena mlangoni. Nyumba hii ni ya Sila, shamba la Kizota mgawane bila kugombana, na ng'ombe wote ni wenu isipokuwa yule mwekundu, ambaye nitamtaja nikimaliza.

Enzi ya Mjerumani, mwaka reli ilipofika Dodoma, alikuja Bwana Raimund, mpiga picha zinazotembea, nami nikawa mchukuzi wake. Alinisimulia kwamba huko kwao alizungusha mpini wa kamera miaka mingi kwa hadithi za wenzake, hata akachoka, akaanza kuandika zake mwenyewe. Hapa kwetu aliandika ya harusi. Wa kuigiza bibi arusi akamchagua mama yenu Anyesi, na wa kuigiza bwana arusi akamchagua Matonya wa Makole, kwa urefu wake. Mimi akasema nafaa kubeba.

Na ng'ombe wa mahari walitoka zizini mwangu. Nilisimama juani, wanangu, nikamtazama Matonya akimkabidhi baba mkwe wangu ng'ombe wangu, mbele ya watu, ili amwoe mke wangu. Kwetu ng'ombe wakishapita mbele ya mashahidi ndoa imefungwa, na mzungu na karatasi zake hajui kuifungua. Hadithi ilitaka mama yenu alie, lakini alipomtazama Matonya akacheka, na Bwana akafuta maandishi yake, akaandika acheke. Kwangu hakuwahi kucheka vile. Wivu ukanishika hapa kifuani, haujaniachia mpaka leo.

Jioni nikaliiba kopo lenye utepe wa picha za harusi, nikalifukia zizini, ili Ulaya isimjue kuwa ni mke wa Matonya. Bwana alitafuta siku tatu, akalia, kisha akaandika upya kwamba bibi arusi alifia njiani. Nilifurahi, nikasema heri afe kwenye karatasi. Matonya hakunikosea neno, lakini nilimkataza mama yenu hata kuitikia salamu yake, na kicheko chake sikukisikia tena humu ndani. Mwaka wa pili homa ikamchukua, Sila ukianza kusema, wewe Ruthu ukingali unanyonya.

Majuto ni mjukuu. Baada ya matanga nikalifukua lile kopo. Bwana alikuwa amenionya kwamba utepe ukipigwa na jua kabla ya kuoshwa kwa dawa zake, picha hufa. Nilijua. Nikafungua mchana, nikidhani labda nitamwona mara moja kabla hajaondoka. Palikuwa na utepe wa kijivu, basi.

Sila, yule ng'ombe mwekundu mpeleke kwa Matonya, ni uzao wa wale wa harusi. Mwambie wivu ulikuwa wangu, kosa halikuwa lake. Nawe Ruthu, muulize Matonya mama yako alicheka vipi, maana yeye alikuwa ameelekeana naye uso kwa uso, mimi nilikuwa nyuma nimebeba makopo. Ila muulize nikishazikwa. Nikiwa hai siwezi kusikia akisimulia.

Nipeni maji... Mungu awatunze, awape mvua... Mpendane. Na mkeo, Sila... akicheka, mwache acheke.