Mungo Baird Yuko Jikoni

Sogeeni, wanangu, kaeni hapa hapa kitandani, maana sauti iliyokuwa ikisikika hadi ng'ambo ya maji leo haifiki hata dirishani. Ninian, funga mlango. Najua nani yuko jikoni. Nimemsikia akikohoa, na kikohozi hicho nilikivumilia miaka mingi kikitoka kwenye kiti cha wazee wa kanisa kila nilipogusa jambo asilolipenda. Mungo Baird! Ati ametembea na fimbo yake kwenye mvua yote hii kuja kuniuliza swali kabla sijafa. Mwacheni akae. Elspeth, mpe uji, isije ikasemwa nyumba yangu ilimnyima mtu chakula, lakini asipande ngazi mpaka nimalize na ninyi.

Nyumba hii na ng'ombe ni vya Elspeth, kwa sababu ndiye aliyebaki nami wakati wengine walikuwa wakiona haya kulitaja jina langu. Usinune, Ninian, sijataja mtu. Wewe chukua vitabu, hata vile ambavyo baraza la wachungaji lilisema vinanuka uasi. Joho langu la kuhubiria asilivae mtu. Walinivua, basi lichaneni mumfunike ndama wakati wa baridi.

Mlikuwa wadogo, kwa hiyo mnayoyajua mmeyapata kwa majirani, na watu wa Kilmorag kwa kutia chumvi hawajambo. Nilifika kwenye usharika ule nikiwa kijana, nikakuta watu wana hofu. Si kumcha Mungu kwa heshima, la, walimwogopa kama mpangaji anavyomwogopa mwenye shamba anayeweza kumtimua siku yoyote. Walikuwa wamefundishwa kwamba Kristo aliwafia wateule peke yao, wachache, waliochaguliwa kabla dunia haijakuwapo, na hakuna anayejua kama yumo. Nilikwenda kumwona mama mmoja mahututi, mama aliyelea watoto wake na wa marehemu dada yake, nikamwuliza kama ana amani. Akaniambia, "Mchungaji, amani nitaitoa wapi, na sijui hata kama natakiwa?" Nilirudi nyumbani nikalia mpaka mama yenu akadhani naumwa. Jumapili nikapanda mimbarani nikasema Kristo amewafia watu wote, wote kabisa, hata yule mlevi wa gatini, na kwamba Mungu hangoji utubu ndipo akupende. Amekwisha kukupenda, na ukilijua hilo ndipo utatubu. Hayo ndiyo mafundisho yangu yote, na ni kwa hayo walinivua uchungaji.

Aliyenishtaki ni Baird, mwenye kinu cha nafaka. Alisimama mbele ya baraza akasema, "Ukimfungulia mlango kila mtu, Mchungaji, sisi tuliojitunza tutakuwa tumejitunzia nini?" Nikamwambia, "Kumbe, Mzee Baird, ulikuwa unajitunza ili uone raha wenzio wakiachwa nje!" Watu wakacheka kule nyuma, na nadhani kicheko kile ndicho kilichonimaliza.

Baada ya hapo nilihubiri kwenye ghala la samaki, watu wamekalia mapipa, na hilo nimeshalisamehe, maana mapipa yangu yalijaa kuliko viti vyao. Lisilomezeka ni la mama yenu. Desturi mnaijua: kabla ya Meza ya Bwana wazee hugawa vile vipande vidogo vya madini ya risasi, alama ya anayeruhusiwa kushiriki, na asiye na kipande mkononi haketi mezani. Marion alikuwa ameanza kukohoa damu. Alitaka kuketi kwa mara ya mwisho katika kanisa alimobatizwa. Akavaa kofia yake nyeupe, akasimama mstarini na majirani, akanyoosha mkono. Baird akautazama ule mkono, akampa kipande mtu wa nyuma yake. Akamwambia, "Mkane kwanza mumeo, Marion." Mama yenu akarudi kwa miguu, hakulalamika, alisema tu, "Farquhar, kule kulikuwa na baridi." Aprili haikumkuta. Nimemchukia mtu yule tangu siku hiyo, asubuhi na jioni, na msiniambie ni dhambi, nalijua hilo kuliko ninyi.

Sasa Ninian amenieleza anachotaka Baird. Mkewe amekufa, kinu anacho mwanawe, na yeye halali usingizi. Mungo Baird, aliyejua nani anafaa na nani hafai, anaogopa kwamba yeye mwenyewe hakuchaguliwa! Anataka asikie kwa mdomo wangu kama yale niliyohubiri ni kweli. Lo! Nilicheka mpaka kifua kikaniuma. Nikasema, acheni naye aone joto ya jiwe. Nitamwambia, "Nenda kaliulize baraza lako." Jibu nilikuwa nimeshalipanga, tena tamu.

Maji, Elspeth... Basi, yanatosha.

Nimelala hapa tangu alfajiri nikitafuta njia ya kumwacha nje, na sijaiona. Nikisema Baird hamo, basi nilidanganya mimbarani, nikadanganya ghalani, nikamdanganya yule mama mahututi, na Marion alinyimwa Meza kwa sababu ya upuuzi wangu. Kwa hiyo yumo. Inaniuma, wanangu, inaniuma kweli kweli, lakini yumo. Niliposema wote, sikuwa nikimfikiria yeye.

Nizikeni kando ya Marion. Mkiniteremsha kaburini, kamba ya jeneza ya kichwani aishike Ninian, ya miguuni Elspeth, na wakisema mwanamke hashiki kamba, waambieni ni amri ya marehemu. Hotuba sitaki. Pendaneni. Mungu awashike mkono, awape usingizi mzuri, na chuki yangu msiirithi, imenila mpaka mfupa.

Haya... pumzi inakatika. Ninian, shuka ukamlete. Mshike mkono, ngazi ile mbovu. Akifika nami siwezi tena kusema, mwambie wewe. Mwambie ni kweli. Kristo alimfia... na yeye. Mwambie sikupenda kulisema. Halafu mpe kiti, hapa... upande aliokuwa akilala mama yenu.