Mawe ya Nyuma ya Msikiti

Basi letu la Bungoma lilikuwa limepita Kiminini mzee mmoja aliyekaa mbele yangu alipomgeukia mama wa buibui kando yake. "Mama, nyinyi Waswahili wa Bungoma mtarudi lini kwenu Lamu?" Aliuliza kwa upole, kama mtu anayeuliza bei ya nyanya.

"Lamu nilienda mara moja, baba. Wakaniita mtu wa bara. Babu yangu alikuja huku na msafara wa pembe za ndovu, hata reli haijafika. Amezikwa hapa Bungoma, nyuma ya msikiti."

"Si unionyeshe kaburi basi. Sisi Wabukusu, shamba ni ya mwenye amezika watu wake hapo."

Mimi Mbukusu nilitikisa kichwa kukubali kabla sijafikiri.

"Kaburi letu halijengwi," mama akasema. "Ni udongo na jiwe kichwani, basi. Mwaka jana jirani aliyang'oa hayo mawe, akapanda mahindi. Ati aliona shamba limelala bure."

Mzee aliwaza mpaka tukaingia mjini. "Lakini mama," akasema, kwa huruma kabisa, "si mngeweka hata msalaba kidogo? Nani angelima?"

Basi liliposimama stendi, mzee alinunua mahindi choma mawili dirishani, akamwekea mama moja mapajani, akashuka.

Mama aliliangalia, kisha akamwinamia muuzaji dirishani. "Mwanangu, haya mmelima wapi?"

"Hapa hapa tu, mama," muuzaji akasema.