Wendell Tillotson, Sura Iliyojulikana Kila Nyumba

Wapendwa mliokusanyika nasi hapa Burbank asubuhi hii, familia inawasalimu, na inaomba mtusikilize kidogo tumwelezee mpendwa wetu.

Marehemu Wendell Tillotson alizaliwa tarehe 9 Novemba 1912 katika mji wa Ord, Nebraska, mtoto wa pekee wa Emmett, fundi magurudumu, na Hulda mkewe. Alisoma hukohuko hadi Mei 1930, akiwa na kigugumizi kizito kilichomfanya apende zaidi kukaa kando ya mto kuliko kukaa na watu, mpaka mwaka wa mwisho alipopewa kuigiza hakimu katika mchezo wa shule, na maneno ya mtu mwingine yakamtoka kinywani laini kama maji, hata mama yake akageuka kutazama ni nani anayesema.

Mwaka 1934 alipanda treni kuja California, akakanda mikate miaka mitatu, kisha sinema ikampokea, na tangu hapo akawa karani wa hoteli, mchimba makaburi, daktari wa kijijini, mhalifu wa kufa mapema, akipita katika hadithi za wengine kama mtu apitaye katika ndoto ya jirani, kiasi kwamba watu walimsimamisha barabarani wakiapa kwamba waliwahi kuishi naye mtaa mmoja. Vita vilimpeleka baharini mwaka 1942, vikamrudisha salama.

Studioni alikutana na Ione Brandvold, mshonaji wa mavazi, na siku alipotaka kumposa neno likamkwama kooni, Ione akaendelea kushona kifungo cha koti lake huku akimwambia, "Sema taratibu, Wendell, mimi sina treni ya kuwahi." Walifunga ndoa tarehe 15 Juni 1946 mjini Glendale, wakajaliwa Maribeth, aliyezaliwa tarehe 2 Aprili 1948, na Curtis, aliyezaliwa tarehe 20 Agosti 1951.

Mwaka 1957 alichaguliwa, kwa mara ya kwanza, kuwa mhusika mkuu wa mchezo wa televisheni, ila kwanza ahojiwe moja kwa moja hewani, na mtayarishaji akamtuliza, "Usihofu, majibu tutakuandikia, wewe kariri tu." Wiki hiyohiyo Maribeth, aliyerithi kigugumizi cha baba yake na aliyekuwa ameacha kabisa kusema darasani, alimuuliza mezani, "B-baba, mbona kwenye televisheni husemi kama s-sisi?" Wendell akaweka uma chini, na chakula kikapoa.

Jumapili, tarehe 13 Oktoba, nchi nzima ikitazama, mtangazaji alimuuliza nyumbani kwake kuna nani, naye akayaacha yale aliyokariri, akasema, "Nina m-m-mke, na mwanangu wa k-kiume, na b-b-binti anayesema kama mimi." Mtangazaji aliinamia karatasi zake, na Wendell akaendelea polepole mpaka mwisho wa alilotaka kusema. Jumanne nafasi ile alipewa mwingine, na nyingine ya namna hiyo haikuja tena, lakini Maribeth alikuwa amekwisha kunyoosha mkono darasani, na leo, kama mjuavyo, ni wakili.

Aliigiza hadi mwaka 1974, moyo ulipoanza kuchoka. Miezi ya mwisho alisinzia mchana kutwa dirishani, jua likipenya michungwa ya nje na kumwangukia magotini, na kila alipozinduka aliuliza, "Ione, leo mimi ni nani?" naye mkewe akamjibu, "Leo ni wewe mwenyewe, mzee wangu, lala tu." Alifariki tarehe 3 Februari 1979, nyumbani, akiwa na umri wa miaka sitini na sita.

Tunamshukuru Daktari Alden Kirsch, aliyekuja hata pasipo kuitwa, majirani ambao vyakula vyao bado vimejaa jikoni kwetu, na wenzake wa studio, mafundi taa, wachunga farasi na wapaka rangi. Tunamshukuru pia bibi mmoja aliyesafiri kwa basi kutoka Fresno, aliyekiri mlangoni kwamba hakutujua wala hakuwahi kukutana na Wendell, ila aliposoma gazetini habari za kifo chake alilia, na hakuona vema amlilie peke yake. Mama wa Fresno, karibu, kaa mbele pamoja nasi.

Wendell, amani iwe mto wako, pumzika.