Shahidi wa Ukurasa wa Pili

Benchi lenyewe ni ubao mrefu juu ya matofali, nje ya duka lililofungwa siku nyingi, na wanaolikalia wanaitana majina ya utani mpaka ya kweli yamesahaulika. Antena hutengeneza redio na ana jibu la kila kitu. Breki alikuwa dereva wa lori, siku hizi anaendesha maneno tu. Kalamu, tarishi mstaafu, jina alilipata kwa sahihi yake, yenye mkia unaojipinda mara mbili. Mtaa mzima humletea fomu awe shahidi, naye husaini hapo hapo benchini kwa kikombe kimoja cha kahawa, bila maswali mengi. Asubuhi hiyo muuza kahawa ndiyo kwanza alikuwa anamimina, Soli fundi viatu akaja na karatasi mbili zilizobanwa pini, akakaa bila hata salamu.

— Nyumba ya mzee inapigwa mnada Alhamisi. Na mama yumo ndani.

— Mnada wa nini? Breki aliuliza. Marehemu hakuwahi kukopa hata kiberiti.

— Aliyekopa ni baba mdogo. Kaweka hati rehani benki, kisha kaacha kulipa. Nimekwenda ofisi ya ardhi kuuliza aliwezaje, wakanipa nakala hii. Kumbe kiwanja kilishahamia jina lake tangu mwaka juzi. Eti mzee mwenyewe ndiye aliyemwachia.

Kalamu alitupa jicho. Ukurasa wa pili ulikuwa unachungulia chini ya wa kwanza, na kwenye kona yake akauona ule mkia unaojipinda mara mbili. Akamkumbuka baba mdogo kasimama pale pale, ana haraka zake, anasema kaka ameshasaini, hajisikii vizuri tu, imebaki sahihi ya shahidi. Naye Kalamu akasaini, wala kahawa hakuimaliza.

— Hiyo ni kompyuta, Antena alisema. Walipoingiza majalada kwenye mashine, majina ya ukoo mmoja yakachanganyika. Mashine itajuaje nani kaka, nani mdogo?

— Hii imeandikwa kwa mkono.

— Basi ni wino. Kuna wino jina la kwanza linafifia, la pili linatokeza lenyewe. Mabenki wanauagiza kwa katoni.

— Antena, hebu pumzika, Breki alisema. Sikilizeni mtu aliyezunguka. Ofisi ya ardhi, chini ya ngazi, kuna chumba. Humo anakaa mtu ambaye kazi yake ni kuwa wazee wa watu. Anavaa koti la mzee wako, anakohoa kama mzee wako, anasaini, anavua koti, anaitwa mwingine. Nilishawahi kumpa lifti.

— Watu kama hao wapo, Kalamu alisema, na sauti yake mwenyewe ikamtia aibu.

Soli hakucheka. Alikuwa anazinyoosha zile karatasi gotini.

— Wakili anasema benki wamejitetea vizuri. Walitazama daftari la ardhi, wakakuta jina la baba mdogo, wakatoa pesa. Hakimu atasimamisha mnada kama nitathibitisha mzee hakusaini. Sasa nithibitishe vipi, naye yuko kaburini?

— Si umlete aliyekuwepo, Breki alisema, kirahisi tu.

Hapo Kalamu angeweza kusema. Neno moja, na yule mama angebaki nyumbani kwake. Lakini neno hilo lingemwambia hakimu kwamba alishuhudia asichokiona, na fomu zote alizosaini kwenye ubao ule zingefukuliwa moja moja. Alimwonea Soli huruma, lakini alijionea mwenyewe zaidi. Akainua kikombe, akanywa.

Ndipo mama yake Soli alipotokea kwa mwendo wake wa taratibu. Wote wakainuka kumpisha.

— Shikamoo, mama.

— Marahaba, wanangu. Sikai. Kalamu, mwanangu, huyu mwenzako kanisomea hizi karatasi zote jana. Anaona haya kukuuliza, nikamwambia nitakuja mwenyewe.

Soli alikuwa anatazama chini. Kwa hiyo alijua tangu alipokaa, Kalamu akawaza, na masikio yakamwaka moto.

— Tarehe iliyoandikwa humo mimi nilikuwa naye wodini, mama aliendelea. Wiki ya tatu hiyo hafumbui macho, ananyweshwa uji kwa mpira. Nilimwacha mara moja tu, nikaenda nyuma kufua mashuka yake.

Akamsogelea Kalamu hatua moja.

— Sikuja kugombana. Wewe umeandika ulimwona kwa macho yako, anasaini mbele yako. Basi labda aliamka nikiwa nafua. Kama aliamka akaamua hivyo, sina neno, nyumba iende. Ila nimekaa naye miaka arobaini na moja, nataka kujua kitu kimoja. Alipoamka, aliniulizia?

Antena aliangalia viatu vyake. Muuza kahawa alisimama na birika mkononi, asimimine. Mama wa watu alikuwa bado anamtazama Kalamu usoni kwa upole, anasubiri.