Babu Matete Anaondoka, Matete Ndiyo Kwanza Yanachipua

Ijumaa hii, siku ya mwisho ya mwezi, Babu Matete anastaafu baada ya kuhudumu miaka thelathini na mmoja kwenye mabwawa ya majitaka ya mji wetu. Jarida la wafanyakazi limeniomba mimi, mama wa usafi wa hapa mabwawani, niandike wasifu wake. Mwanzoni nilidhani wananitania. Kisha yakatokea haya ya wiki mbili hizi, na mpaka sasa naandika jicho moja likiwa kwenye mawingu. Mtanisamehe mwandiko ukipinda.

Kwa ninyi wa ofisi kuu msiofika kwetu: mtu akivuta maji chooni huko mjini, mgeni anakuja kwetu. Anaingia bwawa la kwanza hatazamiki. Anatulia, anapita la pili, anapita la tatu, halafu anapenya polepole katikati ya matete ya bwawa la mwisho, na mizizi inamvua uchafu uliobaki. Akitoka hapo anaingia kijitoni. Kijito kinapita nyuma ya nyumba zetu za bondeni, ambako watoto, na wangu wamo, wanaogelea hata uwakataze kwa fimbo.

Babu aliajiriwa akiwa kijana, kazi yake kufyeka nyasi. Siku ya kwanza aliambiwa paonekane pasafi. Akafyeka njia, akafyeka kingo, akaona matete yamekaa ovyo ovyo kama nywele za mtu aliyeamka sasa hivi, akayamaliza yote. Akaenda kwao anapiga mluzi. Hazikupita siku nyingi kijito kikanuka mpaka watu wa bondeni wakapanda na ndoo zao kumnusisha msimamizi. Mwenyewe ndiye hutusimulia, tena akicheka machozi yanamtoka: "Nilisafisha uwanja, nikauchafua mji!" Tangu hapo hakuna aliyegusa tete bila ruhusa yake, na jina lililoko kwenye kitambulisho chake tukalisahau.

Alipanda cheo akawa mnyapara, kisha msimamizi wa mabwawa yote. Ndiye aliyezunguka gereji kwa gereji kuwasihi mafundi wasimwage oili chafu kwenye mifereji. Walikuwa wakimwona kwa mbali wanaitana, "Ficheni madumu, babu wa mavi huyo!" Naye hakasiriki. Anakaa, anakunywa chai yao, anauliza watoto hawajambo, anaondoka na dumu la oili mkononi. Siku hizi wanamletea wenyewe. Tope la mabwawani, ambalo zamani lilikuwa likitupwa tu kando ya kijito, yeye ndiye aliyeanza kulikausha na kulipeleka kwenye kitalu cha miti. Kile kivuli mnachoegeshea magari pale ofisi kuu kilikula kwetu. Msione haya.

Wageni wakija kuuliza mji unaotunza mazingira unakuwaje, Babu hawapeleki penye maua. Anawashusha mpaka bomba la mwisho na tai zao, anawaambia wainame wanuse. "Hapa ndipo mnapojua kama mji una adabu," huwaambia. "Ulichokitumia wewe kinamfikia nani, na kinamfikia kikiwa na hali gani?" Wengine huinuka wakitafuta leso. Mmoja aliwahi kuuliza nyumba za bondeni ni za nani, na Babu akanionyesha mimi na ufagio wangu.

Sasa jamani, hili ndilo lililotutia butwaa. Kamati ya sherehe ilitaka kumshtukiza Babu akiwa likizo. Mimi sikuwapo, nilikuwa hospitali na kitindamimba wangu ana homa. Niliporudi kazini niliingia getini nikaganda. Kijani chote hakuna! Bwawa la mwisho limenyolewa upara, visiki vimezama majini, na ukingoni limesimama hema jeupe. Dereva wetu, ambaye ndiye mwenyekiti wa kamati, akanijia mbio na fyekeo begani, meno yote nje.

"Mama, umeona tulivyopapendezesha? Babu atalia!"

Nikashika kichwa. Huyu mtu kile kisa cha Babu amekisikia kila mwaka, na kukicheka amekicheka! Eti alifikiri siku moja ya sherehe haitadhuru, matete si yataota tena.

Babu aliitwa, akaja. Alitazama, akakaa juu ya ndoo iliyofunikwa. Dereva akaanza kulia kweli. "Babu, niue tu."

"Nikikuua nani ataingia majini? Vua viatu."

Akamshika mkono wakashuka pamoja, akatueleza kwamba kisiki kikizama kinaoza, kikipata hewa kinachipua. Akafunga lango la juu, lile linaloingiza maji bwawa la mwisho, ili uchafu ubaki kwenye mabwawa ya mwanzo, akashusha maji ya bwawa la mwisho mpaka visiki vikatoa vichwa. Kilichobaki ni mbingu. Mvua ikiwahi kabla ya matete, mabwawa ya juu yatafurika, na lango litafunguliwa tutake tusitake. Hapo uchafu wa mji mzima utapita walipo watoto wetu.

Babu aliomba aongezewe muda. Ofisi ikasema tarehe ni tarehe. Basi akatukusanya ili amtaje atakayeshika usukani wa kufungulia lango hilo. Wote tukamgeukia fundi wa pampu. Babu akaninyooshea kidole mimi.

"Babu, mimi? Mimi kila wingu naliona mvua!"

"Ndiyo maana. Waliotulia ndio walioleta hema."

Watu walicheka, hata Dereva.

Leo asubuhi nimekagua. Nusu ya bwawa ina machipukizi marefu kama kidole, nusu nyingine bado inatafakari. Upande wa milimani kumetanda mawingu. Sherehe itafanyika barabarani nje ya geti, bila hema, na kila mtu aje na kiti chake. Saa ya ukutani tuliyomnunulia Babu ameikataa. Zawadi aliyoichagua ni fyekeo la Dereva, anakwenda nalo nyumbani kwake.

Babu, asante kwa kijito ambacho hatukuogopa watoto wetu wakikigusa. Asante kwa kutukemea bila kututukana, na kwa kumshika mkono Dereva siku ile. Wewe na mama yetu nyumbani tunawatakia maisha mema, yenye afya, na usingizi mpaka jua liwachome. Wasiwasi uuache hapa, mimi nimeshaupokea pamoja na usukani.

Simu tu, Babu, usiizime.