Nyenje Aliyelicheka Tangi la Bosi

Baada ya miaka thelathini na minne katika Idara ya Maji ya Bhairavganj, Bwana Girdhari Lal Bajpai anastaafu tarehe 31 Julai. Tukisema ni miaka ya kazi tutakuwa tunamsingizia. Tuseme ni miaka ya kuhudhuria. Aliajiriwa karani wa malalamiko, na mara nyingi malalamiko yenyewe yalikuwa juu yake.

Nje ya ofisi, wilaya nzima inamjua kwa jina la Jhingur, yaani nyenje, alilojichagulia mwenyewe kama mshairi wa vichekesho wa Kihindi. Hatukumpinga. Nyenje naye huimba bila kuombwa.

Mwananchi aliyekuja na ndoo tupu na hasira tele alikalishwa, akapewa chai, kisha akasomewa shairi. Wengi waliondoka bila maji, ila wamepoa. Phulmati, muuza maziwa wa mtaa wa Chowk, hakupoa. Alisimama katikati ya ubeti akafoka, "Baba, kama maji hakuna sema hakuna! Nilikuja na kiu, sasa na kichwa kinaniuma!"

Jukwaani, lakini, Jhingur alikuwa mfalme. Ufalme huo aliujenga juu ya mgongo wa mkewe, Kusum. Mashairi yalisema chapati zake zinafaa kufunikia mitaro, na kwamba akikohoa jikoni, majirani huingiza ng'ombe ndani wakidhani ni radi. Watu walicheka mpaka tambuu ikawatoka vinywani. Sokoni muuza mboga alimuuliza, "Shemeji, biringanya hili la kupika au la kumpigia mume?" Kusum alitabasamu, akachagua biringanya lake, akaenda zake. Sisi wenzake Jhingur tulikula chapati hizo kila Ijumaa, laini kama pamba, na jukwaani tukaendelea kupiga makofi.

Mwaka ule wa tangi, sherehe ya Holi, sikukuu ya kupakana rangi, ilifanyika mchana kwenye uwanja wa ofisi, kila mtu kichwa chekundu na mashavu ya kijani. Mgeni wa heshima alikuwa mhandisi wetu mkuu wa wakati huo, Bwana Harbans Mathur, aliyekuwa amejenga tangi jipya pale Chowk. Lilizinduliwa kwa mashada ya maua na hotuba ndefu. Kisha likavuja chini kwa chini, na nyumba za Chowk hazikuona hata tone. Jambo hilo ofisini lilisemwa kwa kunong'ona. Jhingur hakulinong'ona hata kidogo, kwa sababu cheo chake cha karani mkuu kilikuwa kinasubiri saini ya Mathur.

"Bajpai," Mathur alimwambia kabla hajapanda jukwaani, "leo chekesha. Usichokonoe."

"Bosi, mimi na kuchokonoa wapi na wapi!"

Akaanza na chapati. Kusum, ambaye kwa kawaida hubaki nyumbani, siku hiyo alikuwa amekaa na akina mama, nywele zimejaa unga wa rangi. Akainuka.

"Nipeni hicho kipaza sauti."

"Mpeni, mpeni!" Jhingur alicheka. "Anataka kutangaza achari yake!"

Kusum akakishika kwa mikono miwili, akasema:

*Simba mbele ya mkewe, hunguruma jukwaani,*
*Bosi akiita "Wewe!", hujikunja kabatini.*

Uwanja ulilipuka kwa vicheko. Phulmati alipiga kelele mpaka sauti ikamkauka. Kusum akasubiri watulie. Alilolisema baada ya hapo halikuwa na vina.

"Miaka yote hii unanicheka mimi kwa sababu siwezi kukuhamisha. Tangi lile pale hulioni?"

Jhingur alisimama na tambuu yake shavuni. Tuliokuwa karibu tuliona macho yake yakienda kwa Mathur, yakarudi kwa mkewe, yakaenda tena. Kisha akajipangusa rangi usoni, akatema tambuu kando, na sauti ikatoka ndogo kuliko kawaida yake:

*Tangi letu la fahari, lina rangi, lina taji,*
*Lina mlinzi hodari, kilichopungua: maji!*

"Wah! Wah! Rudia!" watu wa Chowk walipaza sauti. Akarudia, safari hii kwa nguvu. Mathur naye alicheka, lakini kwa meno tu.

Wiki hiyohiyo Jhingur alihamishiwa kituo cha pampu cha Kachhar, ambako wasikilizaji wake walikuwa nyati wa maziwa na mbu. Cheo akapewa Bwana Saxena, ambaye hajawahi kumchekesha mtu kwa makusudi. Kusum alifungasha masufuria, akapanda gari la mizigo pamoja naye.

Ubeti, lakini, haukuhamishika. Ulichorwa kwa chokaa kwenye ukuta wa tangi. Ukifutwa Jumatatu, Jumanne upo. Wakaguzi kutoka makao makuu wakausoma, wakauliza, na hatimaye tangi likabomolewa chini na kujengwa upya. Maji yakafika Chowk. Mathur akapewa nishani kwa kazi hiyo. Jhingur akaachwa Kachhar mpaka Mathur alipostaafu, na anaondoka leo akiwa karani kama alivyoingia.

Tangu siku ile hajatunga ubeti hata mmoja wa kumcheka mkewe. Mialiko ya harusi ilipungua, maana harusini watu hawapendi kusikia habari za mitaro yao. Sasa hutunga wawili. Yeye huandika, Kusum hukata: "Hii futa. Hii umeniibia."

Bwana Bajpai, asante kwa chai, kwa kelele, na kwa siku ile moja uliyotufanyia kazi ya miaka yote. Nenda ukapumzike, afya isikupungukie, na maji yako yatoke kila asubuhi.

Kamati ya sherehe hii ya kumuaga ilimwomba alete shairi la leo likaguliwe kwanza. Alijibu, "Mimi leo nakula sambusa tu. Anayesoma ni Kusum." Kamati ikamwendea Kusum. Akawaambia watalisikia pamoja na wengine. Wafanyakazi wapendwa, mkurugenzi atakaa safu ya mbele. Kaeni mbali naye, ili mweze kucheka.